Kungwi hachomozi wala hazami: jibu kwa mwandishi wa riwaya

Swali lenyewe kwa ufupi: msomaji wa Tanga anaandika riwaya. Watu wake, Walunde, wanaishi juu ya mwezi wenye hewa na bahari, na mwezi huo unaizunguka sayari kubwa ya gesi aliyoipa jina Kungwi. Kila alfajiri Kungwi anachomoza, Walunde wote wanamsujudia, bahari inajaa na kupwa kwa kishindo, na katikati ya kitabu shujaa anawatisha maadui zake kwa kutabiri kupatwa kwa jua. Mhariri kamrudishia muswada na maneno machache: anga nimelipenda, watu siwaamini. Naye ananiuliza: "Shikamoo mwalimu. Nimekosea wapi, na nitampa vipi Kungwi nafasi inayoaminika katika maisha ya watu hawa?"

Marahaba, mwanangu. Mhariri wako kaliona tatizo, ila kalitaja nusu. Watu wako hawaaminiki kwa sababu anga lao nalo haliaminiki. Umemtundika Kungwi juu kama pambo la ukumbini, kisha ukawaamuru watu wapige magoti. Mila haziji hivyo. Kitu cha angani kwanza humfanyia mtu kazi, au humharibia: kinampa mwanga wa kuvulia, kinamwambia mvua i karibu, kinampoteza baharini. Heshima, hofu na ibada hufuata nyuma ya kazi hiyo. Kwa hiyo tuanze na kazi za Kungwi, na sujudu tuziache kwanza.

La kwanza ni kwamba Kungwi hachomozi. Mwezi ulio karibu na sayari yake hubanwa na mvuto wa sayari hiyo mpaka mzunguko wake unapungua kasi, na mwisho wake uso mmoja unabaki kuielekea sayari siku zote. Mwezi wetu uko hivyo, ndiyo maana madoa tunayoyaona leo ni yaleyale waliyoyaona mababu. Miezi minne mikubwa ya sayari ya Mshtarii (Jupiter), ile aliyoigundua Galileo Galilei kwa darubini yake Januari 1610, yote iko hivyo. Mtu akisimama juu ya mwezi wetu ataiona Dunia imekaa palepale angani, ikibadilika kutoka hilali hadi mpevu na kurudi hilali, lakini haitoki mahali pake.

Basi kwa Walunde itakuwa hivi. Aliyezaliwa katikati ya upande wa mbele, ule unaomwelekea Kungwi, anaye utosini maisha yake yote. Anayekaa mbali kidogo anamwona ameinamia upande mmoja. Wa ukingoni anamwona ameketi juu ya upeo wa macho, nusu mtu nusu mlima. Na aliye upande wa nyuma hajamwona kamwe, wala baba yake, wala babu yake. Nusu nzima ya ulimwengu wako haimjui Kungwi ila kwa kusikia. Ulipoandika "Walunde wote wanamsujudia" ulipoteza riwaya nzima ndani ya neno moja, hilo "wote".

Sasa ukubwa wake. Tuazime vipimo vya Mshtarii na mwezi wake uitwao Europa. Mshtarii ina upana wa kilomita 143,000 hivi, na Europa iko umbali wa kilomita 671,000 kutoka kwake. Kwa vipimo hivyo sayari inachukua nyuzi 12 za anga, yaani upana wa miezi yetu 24 iliyopangwa bega kwa bega. Nyosha mkono, kunja ngumi: ngumi hiyo ni kama nyuzi 10. Kungwi anazidi ngumi yako. Si lazima umfanye azibe nusu ya anga kama ulivyofanya katika sura ya kwanza. Ngumi moja yenye mistari ya mawingu, isiyotoka mahali pake, inatosha kabisa.

Europa huizunguka Mshtarii kwa saa 85. Kwa kuwa uso wake mmoja umeelekea sayari daima, saa hizohizo 85 ndizo siku yake, kutoka mawio hadi mawio. Mchana wa saa 42 na kitu, na usiku wa kiasi hicho. Walunde watalala mara moja au mbili jua likiwa juu, na mara nyingine tena usiku. Nakusihi usiupuuze usingizi huu. Soko linafungwa lini? Mgeni akibisha hodi, utajuaje kwamba ni saa ya watu kulala, wakati jua linawaka? Kibarua analipwa kwa siku au kwa usingizi? Sisi tunahesabu saa zetu kuanzia jua linapochomoza na linapozama, na inatufaa kwa sababu hapa karibu na ikweta mchana na usiku hulingana mwaka mzima. Walunde watahitaji kitu cha kuwagawia mchana ule mrefu, na kitu hicho wanacho juu ya vichwa vyao.

Ni hivi. Jua linapopanda, Kungwi anazidi kupungua. Kwa wale wa katikati, wakati wa mawio ni nusu, baadaye anakuwa hilali, na kadiri jua linavyomsogelea hilali hiyo inakonda. Adhuhuri jua linaingia nyuma yake, na kunakuwa giza. Usifikirie ule utusitusi wa kupatwa kwa jua tunaoujua huku kwetu. Tarehe 1 Septemba 2016 watu walisafiri hadi Rujewa, wilayani Mbarali, kutazama jua likibaki pete nyembamba ya moto. Ilikuwa ni dakika chache tu, na mchana haukugeuka usiku. Kivuli cha Kungwi ni kipana kuliko nchi yote ya Walunde mara nyingi. Giza linafunika upande wote wa mbele kwa mpigo mmoja, na kwa vipimo tulivyoazima linakaa karibu saa 3.

Hebu liandike giza hilo kwa karibu, kama mtu aliyekulia ndani yake. Mama muuza samaki haangalii juu. Anaona kivuli cha kapu lake kinafifia ukingo mmoja, anaanza kukunja turubai. Upepo wa baharini unalegea, kwa sababu nchi kavu imeanza kupoa. Watoto wanaitwa ndani bila ya kelele. Rangi zinakwisha: kanga nyekundu inakuwa nyeusi, mchanga unakuwa wa majivu. Kisha jua linazama nyuma ya Kungwi na badala yake inabaki pete nyekundu iliyokoza, duara kamili, ambayo ni mwanga wa jua unaopenya pembezoni mwa hewa ya sayari na kupindwa na hewa hiyo. Sababu hiyohiyo ndiyo huufanya mwezi wetu uwe kama shaba unapopatwa. Na nje ya pete hiyo zinatoka nyota.

Hapo kwenye nyota tusimame, kwa sababu ndipo penye jambo ambalo ningelijengea kitabu kizima. Usiku wa manane Kungwi ni mpevu. Eneo lake angani ni zaidi ya mara 500 ya mwezi wetu, na mawingu ya sayari kama Mshtarii hurudisha mwanga mara kadhaa kuliko vumbi jeusi la mwezi. Ikiwa Walunde wako umbali kutoka jua lao unaolingana na wetu, mbalamwezi ya Kungwi itazidi yetu zaidi ya mara elfu mbili. Utashona, utasoma, utachambua mchele uani bila taa. Nyota zitamezwa na mwanga huo. Kwa hiyo watu wa katikati nyota wanazipata vizuri adhuhuri tu, ndani ya zile saa 3. Usiku wao ni mweupe, giza lao ni la mchana. Mtu wa huko akisema "mchana kweupe" hatamaanisha unachomaanisha wewe. Wezi wao wanaiba adhuhuri. Wapenzi wanaonana adhuhuri. Mtoto aliyezaliwa adhuhuri ndiye anayesemwa kazaliwa na nyota.

Halafu kuna hili: giza ni moja, lakini saa haziwi moja. Kwa wa katikati linaingia adhuhuri. Wa upande wa mashariki, ambao jua lao limetangulia, linawakuta alasiri, na Kungwi wao amekaa magharibi. Wa upande wa magharibi linawakuta asubuhi. Wa ukingoni linakuja pamoja na mawio au machweo, karibu wasilijue. Na wa upande wa nyuma, wakati huo kwao ni usiku, hawajui lolote. Hapo umepata mataifa yako bila ya kubuni bendera: watu wa giza la asubuhi, watu wa giza la adhuhuri, watu wa giza la alasiri. Watadharauliana kwa hilo. Mtu wa alasiri akienda kuoa kwa watu wa asubuhi, wakwe watasema huyu atalala saa za kulima.

Manahodha ndio watakaompenda Kungwi kuliko makuhani. Mabaharia wa Bahari ya Hindi walikuwa na kibao kidogo chenye uzi wa mafundo, kiitwacho kamal. Nahodha huuma uzi kwa meno, hukinyoosha kibao mbele ya jicho, na kwa fundo analoliuma hupima nyota iko juu kiasi gani, akajua yuko kaskazini au kusini kiasi gani. Ahmad ibn Majid, nahodha mashuhuri wa karne ya 15, aliandika kwa marefu kuhusu vipimo vya namna hiyo. Kujua umekwenda mashariki au magharibi kiasi gani ndiko kulikowashinda watu wote, na Wazungu walihangaika nako mpaka John Harrison alipotengeneza saa ya kuaminika melini katika karne ya 18. Walunde hawana taabu hiyo. Kungwi hasogei, kwa hiyo urefu wake juu ya upeo wa macho pamoja na upande alioelekea vinamwambia nahodha pale hasa alipo, kusini na kaskazini, mashariki na magharibi. Mtoto wa miaka kumi mwenye kibao na uzi anaweza kuvuka bahari.

Mpaka pale chombo kinapokwenda mbali hata Kungwi akazama nyuma ya upeo. Kutoka hapo mabaharia hodari wa upande wa mbele hawana tofauti na sisi gizani, na wale wa upande wa nyuma, waliokulia chini ya usiku mweusi na nyota zake zote, ndio mabwana. Bandari za ukingoni zitatajirika kwa kubadilishana marubani. Ningekuwa mimi, ningemtoa shujaa wako kwenye ikulu nikampeleka huko.

Bahari yenyewe, kwa bahati mbaya, umeikosea. Kujaa na kupwa kwa maji kwetu kunatokana na Dunia kujizungusha huku mwezi na jua vikiyavuta maji; ndiyo maana bamvua huja mwezi unapoandama na unapokuwa mpevu, jua na mwezi vikivuta kwenye mstari mmoja. Kwa Walunde, Kungwi anayavuta maji kwa nguvu za kutisha kweli, lakini anayavuta mahali palepale siku zote. Maji yametuna chini yake tangu mwanzo wa dunia yao na yametulia. Hakuna mwani unaoachwa mkavu, hakuna akina mama wanaoshuka mwambani na vijiti kutafuta pweza. Kinachobaki ni mvuto wa jua, ambao kwetu ni chini ya nusu ya ule wa mwezi. Ukitaka maji yasogee kwa ajili ya hadithi, ifanye njia ya mwezi wao isiwe duara kamili. Hapo Kungwi atakaribia na kwenda mbali kila mzunguko, na maji yatapanda na kushuka mara moja kwa siku. Ila ulipe gharama yake: nchi nayo itakandwa na kupata joto. Ndivyo ulivyo mwezi wa Mshtarii uitwao Io. Machi 1979 wataalamu walichapisha hesabu zao kwamba lazima uwe umeyeyuka ndani, na kabla Machi hiyo haijaisha chombo cha angani cha Voyager 1 kikapiga picha za volkano zake zikitapika. Ukichukua maji, chukua na volkano.

Njia isiyo duara inaleta pia jambo dogo zuri. Kungwi atayumba kidogo, kama mwezi wetu unavyoyumba mpaka tukauona zaidi ya nusu yake, asilimia 59 kwa jumla. Katikati hakuna atakayejali. Lakini kwenye ukanda wa ukingoni, Kungwi atachungulia juu ya upeo wa macho, apande, kisha azame tena. Hapo, na pengine hapo tu, ndipo panapofaa ile sala yako ya alfajiri.

Nasema hivyo kwa sababu sidhani kama watu wa katikati wangemwabudu sana. Kilicho juu ya kichwa chako tangu kuzaliwa unakijengea paa. Kinachoshika mioyo ni kinachoondoka na kungojewa. Tazama sisi na mwezi mwandamo: kila mwisho wa Ramadhani watu wako juu ya mapaa na ufukweni, simu zinapigwa, nani kauona, kauona wapi, shahidi anaaminika, tufuate wa hapa au tufuate wa Makka, na mara ngapi nyumba mbili zenye ukuta mmoja zimesali Idi siku mbili tofauti. Mwezi wenyewe hauna ugomvi. Ugomvi uko kwenye kuona na kuthibitisha. Watu wako wa ukingoni watakuwa na mashahidi, mahakimu wa mashahidi, na madhehebu yaliyogawanyika juu ya kama ukungu uliong'aa jana ulikuwa Kungwi au haukuwa.

Wa upande wa nyuma nao usiwaache mikono mitupu. Watu wana uwezo mkubwa wa kuishi na kitu wasichokiona. Wanajimu wa Kihindi kwa karne nyingi wamehesabu Rahu na Ketu miongoni mwa sayari zao tisa, na hazionekani kwa jicho wala kwa darubini: ni zile sehemu mbili ambapo njia ya mwezi inaikata njia ya jua, pale kupatwa kunapotokea. Wafuasi wa Pythagoras huko Ugiriki waliamini kuna dunia ya pili iliyofichika nyuma ya moto wa katikati, na Aristotle akawashutumu kwamba wameibuni ili vitu vya angani vitimie kumi. Basi kule nyuma, mtu aliyerudi kutoka safari akisema ameona ngumi ya mawingu inayoning'inia bila kuanguka, wengine watamwita mwongo, wengine watamtunza kama mtume, na mfanyabiashara mmoja ataanza kukusanya nauli za mahujaji.

Usiwape kalenda moja pia. Makunduchi, Unguja, kila Julai wanausherehekea Mwaka Kogwa, mwaka unaofuata jua, asili yake Uajemi. Wanaume wanapigana kwa migomba, kibanda kinachomwa moto. Watu haohao wanafunga na kuhiji kwa mwezi mwandamo, na mishahara wanapokea kwa kalenda ya ofisini. Hakuna anayeona ajabu. Mlunde mmoja ahesabu deni kwa giza, ahesabu umri kwa mvua, na ahesabu matanga kwa kitu cha tatu.

Nimalizie na shujaa wako. Kutisha watu kwa kupatwa ni hila ya zamani. Christopher Columbus aliifanya Jamaica Februari 1504, alipojua kutoka kwenye jedwali zake kwamba mwezi utapatwa, akawaambia wenyeji Mungu amewakasirikia kwa kuwanyima mabaharia wake chakula. Ilifaa kwa sababu kupatwa ni nadra. Kwa Walunde giza linakuja kila siku. Shujaa akisimama uwanjani na kutangaza jua litafichwa, watamwambia ndiyo, kaa kando tufunge vibanda.

Kwa hiyo igeuze. Inamisha njia ya mwezi wao kwa nyuzi 10 hivi kutoka njia ya jua. Hapo jua litapita nyuma ya Kungwi kwa msimu tu. Sehemu nyingine za mwaka litapita juu yake au chini yake, na zaidi ya nusu ya mwaka itakwenda bila giza la mchana. Si jambo la kubuni: Callisto, mwezi mwingine wa Mshtarii, hukaa miaka kama 3 ukiingia kivulini kila mzunguko, kisha miaka kama 3 bila kukigusa. Na misimu ya giza itaangukia pale jua linapovuka ikweta ya Walunde, wakati ambao huku kwetu, karibu na ikweta, hufuatiwa na masika na vuli. Giza la adhuhuri litakuwa linakuja na mvua. Wahenga wetu waliisoma mvua kwa kundi la nyota, wakasema Kilimia kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, kikizama kwa mvua huzuka kwa jua. Walunde wataisoma kwa giza.

Siku ya kwanza ya giza baada ya kiangazi kirefu itakuwa fupi, ya dakika chache, Kungwi akiligusa jua kwa ukingo tu. Anayeijua siku hiyo kabla ya wenzake hana haja ya kumtisha mtu. Atanunua mbegu zote sokoni mwezi mmoja kabla, kwa bei ya kiangazi, akae nazo. Ukimfanya shujaa wako awe huyo, mhariri atamwamini, na pengine hatampenda.